Bangi ya kula haina hizo siku tatu, mhariri

Mhariri,

Poleni na kazi. Naandika kuhusu ile makala yenu ya ukurasa wa afya iliyozungumzia bangi za kula, zile keki, biskuti na pipi za gami. Makala ilikuwa nzuri kwa kweli, mwandishi alieleza vizuri jinsi mtu anavyokula kipande, anaona kimya, anaongeza kingine, halafu saa mbili baadae anashika ukuta, hapo sina ugomvi kabisa. Ugomvi wangu ni ile sentensi ya mwisho mwisho kwamba bangi ikiliwa inatoka mwilini baada ya siku tatu kwa sababu inapita tumboni kama chakula kingine. Hiyo sentensi imekatwa peke yake, imepigwa skrinishoti, na sasa inazunguka kwenye magrupu ya WhatsApp ya Waswahili wa huku Marekani utafikiri ni tangazo la serikali. Naomba muirekebishe, na nitaeleza kwa nini.

Niko Columbus, Ohio, kwenye ofisi ya kampuni ndogo ya malori. Madereva wetu wengi ni watu wa kwetu, Watanzania, Wakenya, Wakongo, Warundi. Kazi yangu ni mambo ya usalama, yaani leseni, bima, masaa ya kuendesha na vipimo vya dawa za kulevya. Jina la dereva likitoka kwenye droo (majina yanachaguliwa kwa bahati nasibu nani apimwe) mimi ndo nampigia simu aende kliniki akatoe mkojo, na jibu likirudi baya mimi ndo naambiwa halafu mimi ndo namwambia mtu mzima mwenye mke na watoto kwamba asiwashe gari. Kwa hiyo swali la "dada, nikila kigami kimoja Ijumaa, Jumatatu kitaonekana?" mimi naulizwa kama muuza duka anavyoulizwa bei ya sukari.

Kinachowachanganya watu kwanza ni sheria. Hapa Ohio wapiga kura walipitisha bangi Novemba 2023 na kuanzia tarehe 7 Desemba mwaka huo mtu mwenye miaka 21 kwenda juu anaruhusiwa, maduka yako wazi, taa nzuri, mlinzi mlangoni, unahudumiwa kwa heshima zote kama uko duka la simu. Sasa mtu katoka Bongo au Bujumbura ambako akishikwa na kete moja ni polisi na mahakamani, anaona hivi, anasema basi huku ni ruksa. Ruksa ya Ohio ni ya Ohio. Leseni ya lori kubwa, hii tunayoita CDL, mambo yake ya vipimo yanatawaliwa na Wizara ya Uchukuzi ya serikali kuu, na kwa wale bangi ni bangi, iwe ya kuvuta, ya kula, ya kunywa, ya cheti cha daktari, yote moja.

Sasa turudi kwenye hizo siku tatu.

Kipimo cha mkojo hakitafuti stimu. Hakitafuti hata ile THC yenyewe inayolewesha. Kinatafuta mabaki yake, kitu ambacho ini linatengeneza likishaivunja THC, kitu ambacho hakileweshi kabisa, mtu anaweza kuwa nacho mwilini na akili yake timamu kama jaji. Maabara wanapima mara mbili. Mara ya kwanza wanaangalia kama imefika nanogramu 50 kwa mililita moja, ikifika wanarudia kwa mashine kali zaidi na hapo kiwango kinakuwa nanogramu 15. Nanogramu ni sehemu moja ya bilioni ya gramu, fikiria mwenyewe.

Hapa ndo bangi ya kula inapowaponza watu. Ukivuta, THC inatoka kwenye mapafu inaingia kwenye damu moja kwa moja, inapanda kichwani ndani ya dakika chache, ini linaipata baadae. Ukila inaenda tumboni, utumbo unaifyonza, na kabla haijafika popote inapitishwa kwenye ini kwanza. Ini linaigeuza sehemu kubwa pale pale, kwanza kuwa aina nyingine ambayo nayo inalewesha vizuri tu (ndo maana stimu ya kula inachelewa, saa moja mpaka mbili, halafu inakaa masaa sita, nane, wengine zaidi), halafu linaigeuza tena kuwa yale mabaki yasiyolewesha. Kwa hiyo aliyekula anaweza kuwa na THC kidogo sana kwenye damu lakini mabaki yake kwenye mkojo ni ya kutosha. Yaani njia ambayo watu wanadhani ni ya kujificha ndo inapita kwenye kiwanda chenyewe kinachotengeneza kile maabara wanachokitafuta.

Watafiti wa chuo cha Johns Hopkins kule Baltimore waliwahi kuwapa watu keki zenye THC miligramu 10, wengine 25, wengine 50, matokeo yakachapishwa 2017. Kwenye damu THC ilipanda nanogramu chache tu, hata kwa waliokula 50, wakati mtu akivuta inaruka juu sana. Na hao wa keki walikuwa wamelewa, sio kwamba hawakusikia kitu. Kwenye mate nako THC ilionekana nyingi mara tu baada ya kula kwa sababu ya makombo yaliyobaki mdomoni, halafu ikashuka. Kwa hiyo mtu akisema ya kula inatoka haraka, inawezekana kabisa alisoma kuhusu damu au mate, halafu akahamishia kwenye mkojo. Mwandishi wenu nahisi ndo yalimpata hayo. Kipimo cha mate kwa mtu wa kawaida kinaangalia siku moja hivi au mbili, damu ni masaa mpaka siku moja mbili, nywele zinaangalia miezi mitatu nyuma, na mkojo una hesabu zake.

Hiyo ya "inapita kama chakula" nayo ina ukweli nusu. Ni kweli sehemu kubwa ya mabaki, zaidi ya nusu, inatoka kwa choo kikubwa na kwenye mkojo inatoka kama robo tu au pungufu. Lakini haitoki siku uliyokula ikaisha. Ini linaimwaga kwenye nyongo, nyongo inaingia kwenye utumbo, na utumbo unafyonza tena baadhi unairudisha kwenye damu, mzunguko unaendelea. Na juu ya hapo THC inapenda mafuta. Inajificha kwenye mafuta ya mwili na inatoka humo taratibu, kama lile dumu lililowahi kubeba mafuta ya taa, unalisuuza leo unalisuuza kesho na bado maji yanatoka na harufu. Mtu aliyekula mara moja hana akiba kubwa humo. Anayekula kila siku baada ya kazi ili apate usingizi, na hawa ndo wengi jamani, ameweka akiba ya wiki na wiki.

Ndo maana namba moja ya wote haipo. Ambaye hatumii kabisa, kala kipande kimoja cha miligramu 10 kwenye birthday ya mtu, mara nyingi mkojo wake unasoma siku moja mpaka tatu, nne. Anayetumia mara kadhaa kwa wiki, tano mpaka saba na kuendelea. Anayekula kila siku, siku 10 mpaka 15 ni kawaida, na yule sugu mwezi unapita bado anasoma. Kuna utafiti wa zamani, 1985, wa watumiaji sugu, mmoja wao ilimchukua siku 77 mpaka mkojo wake ukae chini ya kiwango kwa siku 10 mfululizo. Kipimo cha wakati ule kilikuwa kikali, kilianzia nanogramu 20, kwa hiyo sisemi na wewe utakaa siku 77. Nasema tu kwamba binadamu mmoja alikaa, na hakuna anayejijua kama yeye ndo wa 3 au wa 77 mpaka jibu litoke.

Halafu mkojo haushuki kwa mstari ulionyooka. Ukinywa maji mengi mabaki yanakuwa mepesi, ukiamka asubuhi hujanywa kitu yanakuwa mazito, kwa hiyo mtu anaweza kusoma safi Jumapili jioni na akasoma mbaya Jumatatu asubuhi bila kugusa kitu. Hapa nazungumzia vile vikaratasi vya kupimia nyumbani vinavyouzwa bei ya soda. Wenzetu wanachovya, wanaona mistari miwili, wanapiga picha wananitumia, "dada niko safi". Uko safi kwa mkojo huo, wa saa hiyo, kwenye karatasi hiyo. Kliniki wanachukua mwingine.

Mbinu za kusafisha sitazipa nafasi kubwa maana nikizitaja nazitangaza. Siki, limao, vidonge vya vitamini vya niasini, dawa za kusafisha figo za dola sitini, hakuna hata moja inayoamrisha mafuta ya mwili yaachie. Kunywa maji mpaka tumbo liwe ngoma, maabara wanapima kreatinini, taka ya mwili ambayo mkojo wa kawaida lazima uwe nayo, ikiwa chini sana wanajua umezimua na unaweza kuitwa tena. Kuleta mkojo wa mtu mwingine, kikombe kina kipimajoto, lazima usome kati ya nyuzi 32 na 38 ndani ya dakika nne, na ukikamatwa inahesabiwa umekataa kupima, na kukataa kupima hukumu yake ni sawa na kukutwa nayo. Mazoezi watu wanayasifia sana, lakini Waaustralia walichapisha mwaka 2013 utafiti wa watumiaji 14 waliopandishwa baiskeli ya mazoezi dakika 35, THC kwenye damu ikapanda kidogo badala ya kushuka, maana mafuta yakiyeyuka yanaachia kilichokuwemo. Kwa hiyo usitegemee kukimbia asubuhi ya kipimo kukuokoe.

Kuna lingine linaniuma zaidi, la watu waliokula bila kujua. Linatokea, sio uongo wote. Kwenye sherehe kuna sahani ya keki, hakuna aliyeandika kitu, mzee wa watu kachukua vipande viwili na chai. Anakuja kunieleza na machozi na mimi namwamini kabisa, lakini sheria ya vipimo ya wizara, kifungu cha 40.151, imemwambia daktari anayehakiki majibu kwamba hadithi hizo asizipokee kama sababu ya kitabibu hata kama ni za kweli, na mfano waliouandika humo ndani ni huo huo, mtu aliyekula keki ya bangi bila kujua. Wametaja keki! Nikiisoma huwa nacheka kwa uchungu, maana maana yake hii hadithi walishaisikia mpaka wakaiandikia sheria.

CBD, ile sehemu ya mmea wa bangi isiyolewesha, ndo balaa jingine, maana hii inaliwa na watu wasiotaka ulevi hata kidogo, mtu ana mgongo, ana goti, kaambiwa gami za CBD zinasaidia na pakiti imeandikwa THC sifuri. Mwaka 2017 jarida la madaktari wa Marekani JAMA lilichapisha uchunguzi wa bidhaa 84 za CBD zilizonunuliwa mtandaoni, karibu moja katika tano ilikutwa na THC ndani, na zilizoandika kiwango sahihi cha CBD ni asilimia 31 tu. Wizara ya Uchukuzi ikatoa tangazo Februari 2020 kwamba dereva akikutwa na mabaki ya bangi, kusema "nilitumia CBD" hakumsaidii. Kuna pia hizi delta-8, ndugu wa THC anayelewesha pia, za kwenye vituo vya mafuta, karibu na chungamu na chaja za simu, zinauzwa kama hempu, yaani bangi isiyo na ulevi, dereva anajaza dizeli na kuchukua pakiti akidhani ni pipi ya usingizi. Mimi zote nawaambia hapana. Sio kwamba kila pakiti ina shida, ni kwamba kwenye kaunta huwezi kujua ipi ina shida.

Na mtu akisomeka nini kinatokea? Miaka ya nyuma ulikuwa unafukuzwa hapa unahamia jimbo la pili unaanza upya, hakuna anayejua. Tangu tarehe 6 Januari 2020 kuna rejista ya nchi nzima inaitwa Clearinghouse, jibu baya linaingia humo na kila mwajiri mpya lazima aangalie kabla hajakupa funguo. Na tangu tarehe 18 Novemba 2024 jimbo lenyewe linatakiwa likuondolee hiyo CDL mpaka umalize mchakato wa kurudi, ambao ni kumuona mtaalamu, kufanya anayokuagiza, kupimwa tena huku mtu amesimama anakuangalia ukikojoa, halafu vipimo vya kushtukiza visivyopungua sita ndani ya mwaka wa kwanza. Gharama nyingi ni za mfukoni kwako, na mara nyingi kampuni haikusubiri. Rekodi inakaa angalau miaka mitano. Wakati huo kule nyumbani kuna ada ya shule, kuna msingi umeshachimbwa Goba au Kitengela, na lori lilikopwa linadai kila mwezi.

Mtaniuliza, hii ni haki kweli? Mimi binafsi naona kuna uonevu ndani yake. Pombe dereva wa lori anapimwa kwa pumzi, 0.04, na inaangalia hali yake ya saa hiyo, akinywa Jumamosi na akalala, Jumatatu hakuna kesi. Bangi unahukumiwa Alhamisi kwa kitu cha Jumamosi ambacho kilishatoka kichwani Jumapili. Sipingi kupima, nimeshaona picha za ajali za lori la tani 36 na sitaki kuziona tena, lakini kipimo kisichoweza kutofautisha mtu aliyelewa na mtu aliyekula wiki iliyopita ni kipimo chenye kasoro na siku moja watakirekebisha. Ila mimi siendeshi kampuni kwa sheria ya siku moja, naendesha kwa ya leo.

Nigusie pia kidogo wanaosafiri, maana makala yenu ilisomwa na watu wa Ghuba. Serikali za nchi nyingine, Uingereza kwa mfano, zinawaonya raia wao kwamba Falme za Kiarabu dawa ikiwa kwenye damu yako inahesabiwa kama umeibeba mfukoni. Ni kweli sheria mpya iliyoanza Januari 2022 imelegeza kwa abiria anayekutwa mara ya kwanza na chakula chenye THC uwanja wa ndege, wanakinyang'anya na kukiharibu, lakini hiyo ni chakula kilicho kwenye begi. Kilichopo mwilini ni habari nyingine. Mtu anayekula gami Columbus Jumatano na kuunganisha ndege Dubai Ijumaa kwenda Dar, na kichwani ana "siku tatu" za gazeti, hiyo hesabu kaifanyia pabaya.

Kwa hiyo mhariri ombi langu kwenye marekebisho ni kwamba msiweke namba nyingine badala ya tatu, maana hata mkiandika 30 kuna atakayesema basi ya 31 niko huru na yupo atakayekula kila siku mpaka ya 29. Andikeni kwamba inategemea ulikula kiasi gani, mara ngapi, mwili wako una mafuta kiasi gani, na unapimwa nini. Ikibidi muulizeni mtaalamu wa maabara ya Mkemia Mkuu hapo hapo Dar, wale mambo ya mkojo na mabaki wanayajua kuliko mimi na kuliko grupu lolote la WhatsApp.

Na kwa madereva watakaosoma hii barua, ambao najua mmeshakula na mnahesabu siku kwenye vidole. Anayeomba kazi mpya ana nafuu, kipimo cha kuingia kazini unakijua kinakuja, hakuna anayekulazimisha kuomba wiki hii, acha kabisa, subiri, na kusubiri kwenyewe kuwe kwa ukarimu. Aliye kazini hana nafuu hiyo maana droo haitoi taarifa, kwa mwaka inatakiwa vipimo vya kushtukiza vifike nusu ya idadi ya madereva na ukipigiwa simu unatakiwa uende saa hiyo hiyo, sio baada ya kushusha mzigo. Lakini kuna kipengele wengi hawakijui, kinaitwa kujieleza mwenyewe, kampuni zenye sera hiyo kwa maandishi zinamruhusu dereva aje ofisini aseme natumia, kabla hajaingia zamu na kabla hajaitwa kupimwa, anatolewa barabarani kwa muda, anapata msaada, anapimwa akiwa safi anarudi, na haiandikwi kwenye ile rejista. Sio kila kampuni inayo. Muulize mtu wa usalama wa kwako kama ipo, na muulize leo, kwa sababu nikishakupigia simu kwamba jina lako limetoka, hata ukinieleza ukweli wote siwezi tena kukufungulia mlango huo.

Msomaji wenu,
Dada wa Usalama,
Columbus, Ohio